Stara ya Mgonjwa Mbele ya Tabibu

Katika darsa yetu ya Alkhamisi iliyopita, baada ya sala ya Alasiri, kililetwa upande wa wanaume kikaratasi kilichokunjwa mara nne. Hakikuwa na jina. Mwandishi wake ni mmoja katika mama zetu wanaosikiliza nyuma ya pazia, na suala lake halikuzidi mistari minne: kwamba hedhi yake imekoma miaka mingi, na sasa damu imerudi, kwamba ameambiwa hapana budi akaguliwe sehemu za siri, na kwamba tabibu aliyepo ni mwanamume. Kisha akauliza: nikikataa kuvuliwa, nikafa na stara yangu, nitaandikiwa thawabu au dhambi?

Tulikisoma tukanyamaza. Mmoja wetu alikuwa tayari kujibu papo hapo kwa ile kanuni maarufu ya kuwa dharura huhalalisha yaliyokatazwa, na kanuni hiyo ni ya kweli, lakini shekhe wetu alimzuia, akasema: "Huyu hakuuliza kanuni. Huyu anaogopa." Basi tukaahidi kujibu kwa maandishi, ili mwenyewe apate kusoma kwa faragha, na wasome pia wale wengine ambao twajua suala ni lao ingawa hawakuandika.

La kwanza tunalopenda alijue mama yetu ni kwamba khofu yake si upungufu wa imani wala si ujinga. Mtu aliyelelewa tangu utotoni kujisitiri mbele ya watu, leo aambiwe alale chali juu ya kitanda kirefu, chini ya taa kali, naye yu nusu uchi, na asimamaye mbele yake amevaa nguo zake zote na hata viatu. Mtu huyo asipoona haya ndipo tungestaajabu. Mwili wenyewe hushuhudia. Wako watu ambao damu yao huonekana imepanda kila wapimwapo hospitali, na wakipimwa nyumbani haina neno, hata madaktari wameiita hali hiyo kwa jina la makoti yao meupe. Na mwanamke mwenye khofu, nyama za mwili wake hujikaza bila ya yeye kutaka. Zikijikaza, kipimo huuma. Kikiuma, khofu huzidi. Na siku ya kurudi huwa na udhuru wa mgeni, au wa mvua, au wa arusi ya jirani.

Imepokewa katika Bukhari na Muslim kwamba Ibn Abbas alimwonyesha mwanafunzi wake Ata mwanamke mmoja mweusi, akamwambia kuwa yule ni katika watu wa peponi. Mwanamke huyo alikuwa na kifafa. Alimwendea Mtume (s.a.w.) akamweleza kwamba huanguka na nguo zake zikafunuka, akamtaka amwombee. Mtume akamkhiyarisha: akitaka asubiri na malipo yake yawe pepo, na akitaka atamwombea apone. Akakhiari kusubiri. Lakini hakuondoka. Akasema kwamba hilo la kufunuka ndilo limtaabishalo, basi aombewe asifunuke. Na Mtume akamwombea.

Tazameni, ndugu zetu, jinsi khabari hii ilivyo. Maradhi aliweza kuyavumilia. Kuonekana mwili wake hakuweza. Na Mtume angeweza kumjibu kwamba aliyeanguka kwa kifafa hana hesabu kwa kilichofunuka, na jawabu hiyo ingekuwa sahihi. Hakumjibu hivyo. Aliiona haja yake kuwa ni haja, akainyanyulia dua. Twalitaja hili kwa sababu wako wahudumu, na baadhi yao ni watoto wetu wenyewe, ambao mgonjwa akivuta shuka ajifunike humkemea: "Waona haya ya nini? Sisi twaona wengi kama wewe kila siku!" Huenda ni kweli kwamba wao wameona wengi. Lakini yule mgonjwa mwili alio nao ni mmoja.

Ama upande wa pili, haya hiyo hiyo haikupewa ruhusa ya kuua. Imam Nawawi katika Minhaj, kitabu kijulikanacho kwa kila aliyesoma fikihi ya madhehebu yetu ya Shafii, amebainisha kuwa kutazama na kugusa huwa halali kwa ajili ya matibabu, na akataja kupiga chuku miongoni mwake. Wafafanuzi wa kitabu hicho wamezidi kupambanua: kwa uso na viganja yatosha haja yoyote, kwa viungo vinginevyo yatakikana haja iliyotilika nguvu, na kwa tupu mbili haja kubwa zaidi ya hiyo, kiasi ambacho mtu mwenye muruwa hatahesabiwa amejivunjia heshima kwa kufunua. Wamesema pia kwamba tabibu mwanamume asikae faragha na mwanamke, bali awepo maharimu wake, au mumewe, au mwanamke mwaminifu. Na kilichoruhusiwa kwa haja hakipiti mpaka wa haja. Anayetakiwa kuonyesha goti hatakiwi kuonyesha paja zima.

Katika Sahihi Muslim twasoma kwamba Bibi Umm Salama, mkewe Mtume, aliomba ruhusa apigwe chuku, na Mtume akamwamuru Abu Taiba akampige. Mpokezi akaongeza dhana yake kwamba Abu Taiba alikuwa nduguye wa kunyonya, au kijana ambaye hajabaleghe. Sisi twaona mna mambo mawili katika khabari hii fupi. Mama wa Waumini, ambaye hapana mwanamke wa mji huu awezaye kudai kumshinda kwa haya, alitafuta dawa na akatibiwa kwa mkono wa mwanamume. Na watu wa wakati ule hawakupuuza kuuliza mwanamume huyo ni nani. Kadhalika Bibi Rubayyi binti Muawwidh amesimulia, katika Bukhari, kwamba wao wanawake walikuwa wakitoka na Mtume vitani, wakiwanywesha watu maji na kuwatibu majeruhi. Majeruhi wale ni wanaume, na majeraha hayachagui mahali pa kuingia.

Wanazuoni wa zama zetu waliokutana Brunei mwezi wa Juni 1993, katika kikao cha Baraza la Fikihi la Kiislamu lenye makao yake Jiddah, walipanga daraja zake waziwazi. Mwanamke akaguliwe na tabibu mwanamke Mwislamu aliyehitimu. Asipopatikana, mwanamke asiyekuwa Mwislamu aliye mwaminifu. Asipopatikana, mwanamume Mwislamu. Na asipopatikana huyo, mwanamume asiyekuwa Mwislamu. Baraza hilo hilo, Jiddah mwaka 1992, lilikuwa limekwisha kusema kuwa matibabu kwa asili ni jambo lililokubaliwa na sheria, lakini huwa wajibu pale ambapo kuyaacha kutampelekea mtu kufa, au kupotewa na kiungo, au kulemaa.

Basi mama yetu apate jawabu yake hapa. Atafute kwanza tabibu mwanamke, na kutafuta huko ni haki yake, wala asiitwe msumbufu. Asipompata, au akimpata mbali na kwa siku nyingi na hali maradhi hayangoji, aende kwa huyo aliyepo, naye hana dhambi. Stara yake haitavunjika, kwani mwenye kuiamrisha stara ndiye aliyeiruhusu haja. Ama kukataa kabisa akingoja kufa, akidhani kwamba hiyo ndiyo ibada, hatujui kitabu kinachomwahidi thawabu kwa hilo.

Na asingoje. Damu inayorudi baada ya hedhi kukoma mwaka mzima au zaidi si jambo la kustahimiliwa kwa dawa za miti na kufichwa kwa watoto. Mara nyingi sababu yake si saratani: huwa ni ukavu wa njia ya uzazi, au uvimbe mdogo usio na madhara. Lakini mara nyingine huwa ni saratani ya kizazi au ya mlango wa kizazi, na hapana awezaye kupambanua kwa kubahatisha. Kwa muulizaji wetu kukaguliwa ni lazima. Picha ya tumbo na vipimo vya damu huenda vikatangulia au kufuatia, lakini peke yake havitoshi.

Kwa wale wasio na dalili yoyote mambo ni mepesi zaidi kuliko wadhaniavyo. Saratani ya mlango wa kizazi, ambayo katika Kenya huua wanawake zaidi ya 3,000 kila mwaka, karibu yote husababishwa na virusi vijulikanavyo kama HPV. Aliyelitambua jambo hilo, Mjerumani Harald zur Hausen, alipewa Tuzo ya Nobel mwaka 2008. Maradhi hayo huchukua miaka mingi kukua, na kabla ya kukua huonekana na kuondolewa bila ya operesheni kubwa. Ndiyo maana mwongozo wa Wizara ya Afya wa mwaka 2018 huwataka wanawake wa miaka 25 hadi 49 wapimwe wakiwa wazima, na wasichana wa miaka 10 huchanjwa tangu Oktoba 2019. Na tangu mwaka 2019 Shirika la Afya Ulimwenguni limeshauri kwamba mwanamke apewe nafasi ya kujichukulia mwenyewe kipimo hicho cha HPV, kwa kijiti chenye pamba, akiwa peke yake nyuma ya mlango uliofungwa. Kila mwanamke na aulize kama kipimo cha namna hiyo kipo pale aendapo. Tulipolisoma hili katika darsa, kutoka nyuma ya pazia ilisikika sauti: "Na mbona hatukuambiwa?" Hatukuwa na la kujibu ila kuona aibu.

Tumewauliza mama zetu wawili wauguzi waliostaafu mambo yaendavyo, na twayaandika kwa sababu mtu huogopa zaidi asichokijua. Mgonjwa haamrishwi kuvua kila kitu. Huvua nguo ya chini tu. Blauzi na mtandio hubaki mwilini. Aende na vazi la vipande viwili, si gauni moja refu linalomlazimu kuvua lote, na achukue leso pea moja: moja ajifunike kuanzia kiunoni, ya pili aitandike. Shuka la hospitali likikosekana, leso yake haikosekani. Chombo kinachotumiwa kina midomo miwili, na kazi yake ni kuifungua njia ili mlango wa kizazi uonekane. Aombe kitiwe maji ya uvuguvugu kama ni cha chuma, na kama kipo kidogo aombe kidogo. Kazi yenyewe ni ya dakika chache. Wakati huo apumue polepole kwa kinywa, na asijikaze miguu. Na akisema "ngoja", tabibu angoje. Neno hili wengi hawajui kwamba wana ruhusa ya kulisema.

Kwa hakika wana zaidi ya ruhusa. Katiba ya Kenya ya mwaka 2010 imelinda utu wa kila mtu katika kifungu cha 28 na faragha yake katika kifungu cha 31, na Sheria ya Afya ya mwaka 2017 imempa mgonjwa haki ya kuheshimiwa, ya kuhifadhiwa faragha, ya kuelezwa kinachotaka kufanywa, na ya kuridhia au kukataa baada ya kuelezwa. Kwa hiyo akiuliza "Kipimo hiki ni cha nini?" hajakosa adabu. Akitaka dada yake au mama mkwe wake asimame kichwani pake, hajatia fujo. Wakiingia wanafunzi wanne wa udaktari kutazama bila ya yeye kuulizwa, anaweza kusema kwa upole kwamba hakuridhia. Mmoja wetu alimpeleka mzazi wake hospitali moja ya mji huu, na pazia la chumba lilikuwa na kipande kilichochanika, watu wakipita ukumbini wakiona. Mzazi yule hakusema neno. Aliporudi nyumbani alisema moja tu, kwamba hatarudi tena. Na hakurudi mpaka alipobebwa. Pazia la shilingi mia chache.

Yafaa madaktari wetu wajue kwamba haya ya mgonjwa si adui wa elimu yao. Mwaka 1816, katika hospitali ya Necker mjini Paris, tabibu Laennec alijiwa na mwanamke kijana mwenye maradhi ya moyo. Desturi ya matabibu wakati huo ilikuwa kuweka sikio juu ya kifua cha mgonjwa. Laennec aliona hilo halistahiki kwa umri wake na uanawake wake. Akakunja karatasi nyingi zikawa kama bomba, ncha moja akaiweka kifuani kwake na nyingine sikioni, akastaajabu kuusikia moyo wazi kuliko alivyopata kuusikia kwa sikio tupu. Kile chombo kinachoning'inia shingoni mwa kila daktari leo, ambacho bila yake hatuamini kuwa ni daktari, kimezaliwa kwa kumstahi mwanamke.

Wanaume wanaosoma hapa wasidhani kwamba wao hawamo. Utupu wa mwanamume ni baina ya kitovu na magoti, na wengi wetu twaulinda kwa kiburi zaidi kuliko kwa dini. Mzee huamka usiku mara tano, mkojo hutoka matone, na akiulizwa husema ni baridi ya Kusi. Anajua kuwa kipimo cha tezi dume huenda kikahitaji kidole cha daktari, na anakhiari kufa kuliko khabari hiyo kufika barazani. Kipimo hicho ni cha nusu dakika, na siku hizi mara nyingi huanzwa kwa damu ya mkononi. Wala hapana haja baraza ijue. Twasikitika kusema kwamba wanaume hao hao ndio wanaowaambia wake zao, "Nenda hospitali, waogopa nini?", au, kwa upande mwingine, "Hapana mwanamume atakayekuona maadamu mimi ni hai." Huyu wa pili twamwuliza: umekwisha kumtafutia tabibu mwanamke? Umelipa nauli? Umekaa naye kwenye foleni? Kama hukufanya moja katika hayo, basi haya yako ni desturi iliyovaa kanzu ya dini.

Na hapa pana jambo linalotuchoma. Twataka madaktari wanawake, nao hawateremki kwa mvua ya masika. Katika miaka ya 1930 Shekhe Al-Amin bin Ali Mazrui, Mungu amrehemu, alikuwa akiwahimiza Waislamu wa pwani wasome, wake kwa waume. Leo bado yuko mzazi amwondoaye binti yake skuli kwa posa ya kwanza, kisha mwaka wa pili akimpeleka kujifungua anagomba mlangoni kwamba hataki mkunga mwanamume. Huyo mkunga mwanamke anayemtaka ni binti wa nani?

Tumalizie na mambo mawili yaliyoulizwa baada ya darsa. Mwanamke aliyekaguliwa sehemu za siri hana lazima ya kuoga josho la janaba. Hutawadha tu kabla ya kusali, na kama yatoka damu isiyokuwa ya hedhi hujisafisha, akajifunga, akatawadha kwa kila sala ya faradhi baada ya kuingia wakati wake. Na katika Ramadhani, madhehebu yetu huona kwamba kuingiza kitu ndani ya tupu hufunguza, ilhali Baraza la Fikihi, Jiddah mwaka 1997, liliona kuwa chombo cha tabibu na kidole chake havifunguzi. Asiye na haraka na akaguliwe usiku au baada ya Idi, atoke katika khitilafu. Mwenye damu inayomtoka asiahirishe; akitaka kujihadhari atalipa siku moja.

Ama mama yetu mwenye kikaratasi, hatumjui na hatutaki kumjua. Lakini wale wauguzi wawili tuliowataja wamekubali kufuatana na mwanamke yeyote atakaye mwenzi, wakae naye ndani ya chumba mpaka mwisho, na wanazo anwani za madaktari wanawake wa mji huu na siku zao. Watakuwapo upande wa wanawake kila Alkhamisi baada ya Alasiri, karibu na mlango wa nyuma, na mtu hatahitajiwa kutaja jina. Leso aje nayo mwenyewe.